Gauni la Msichana wa Wodini

Soko la vitambaa lilikuwa limefurika. Fundi cherehani alikuwa ameshalishika jora la bluu alilolitaka, mara mkono mwingine ukalivuta.

"Samahani dada, hili nimeliona mimi kwanza."

"Umeliona, mimi nimelishika."

Alikuwa kijana mrefu, shati lake limepigwa pasi upande mmoja tu. Fundi akacheka, wakagawana kitambaa. Hadi wanafika langoni, walikuwa wameshapeana namba.

Kijana alikuwa mtunzi wa michezo ya jukwaani. Kila jioni alipiga simu.

"Mpenzi, umekula?"

"Nimekula. Wewe umeupiga pasi upande wa pili?"

Kisha akamletea kazi.

"Nishonee gauni la mwendawazimu, mpenzi. Jeupe, lichanike hapa begani. Msichana analazwa, anapiga mayowe, mwisho anajirusha dirishani. Watu watalia!"

Fundi alisema ana kazi nyingi. Tangu siku hiyo simu ikaita weee, haikupokelewa.

Mtunzi akaamini kuna mwanamume mwingine. Uvumilivu ulipomwishia, akaibuka kibandani kwake.

"Mwambie huyo bwana wako ameshinda."

"Bwana gani? Mwendawazimu wako ni mimi," fundi akasema, mguu ungali kwenye cherehani. "Nililazwa, kabla hujanijua. Sikuchana nguo. Nilivaa gauni la maua aliloniletea mama. Nililala sana, nikameza dawa, nikagombania rimoti na wenzangu. Tukapona kiasi, tukarudi makwetu."

"Mbona hukuniambia?"

"Niliogopa. Ungenipenda, au ungeniandika?"

Mtunzi alijikalisha kwenye benchi la wateja.

"Wodi yenyewe sijawahi kuikanyaga," akasema taratibu. "Niliokota tu kwenye hadithi za wengine. Nisamehe. Mchezo nauchoma."

"Usiuchome. Mrudishe msichana nyumbani. Hiyo rimoti nakupa bure. Ila mapenzi yasimponye, tafadhali. Mimi nameza dawa mpaka leo, na nakupenda hivyo hivyo."

Neno hilo la kupenda lilikuwa limemtoka kwa mara ya kwanza. Akainamia kitambaa, mashavu yanawaka.

Siku ya onyesho, wagonjwa walipoanza kugombania rimoti, ukumbi mzima ulicheka. Aliyecheka kuliko wote ni mama yake fundi. Watu walipokuwa wakitoka, mtunzi akamshika fundi mkono.

"Nikikuoa, utaniruhusu nikuulize kila asubuhi umeamkaje?"

"Mara moja tu. Ukirudia, nakurudisha kwenu."

"Kwa hiyo umekubali?"

"Muulize mama. Yuko nyuma yako hapo, anajifanya hasikii."