Maiti wa Jumapili Jioni

"Usigeuke, Wiebke. Bado napaka shingo."

"Sigeuki. Simu inanitetemesha."

Joost akarudisha brashi nyuma. Alikuwa mpambaji wa waigizaji wa filamu, na kwa miaka minane yeye ndiye aliyemuua Wiebke Harmsen: mara kisu kifuani, mara risasi kwenye paji la uso, leo alama za kamba shingoni. Mara kumi na tisa Wiebke alikuwa maiti katika filamu za upelelezi za Jumapili jioni. Mama yake kule mji wa Husum huwapigia simu majirani, "Msilale mapema, mwanangu anakufa saa mbili na robo!" Lakini sauti ya mwanawe hakuna jirani aliyewahi kuisikia kwenye filamu hizo.

Simu ilitoka kwa Bi Ahlers, mwanamke wa Hamburg anayechagua waigizaji.

"Wiebke mpenzi, kuhusu ile nafasi ya kuigiza mwalimu. Leo wengine wanasoma maneno yake kwa majaribio. Nimeona nisikusumbue."

"Kunisumbua? Si niliiomba mwenyewe!"

"Nilidhani ni adabu tu. Wewe si hupendi kusema mbele ya kamera?"

"Nani kakwambia?"

"Joost, zamani sana. Kila nikimuuliza jibu ni lile lile: mpe maiti, kwa kutulia hana mpinzani."

Simu ikakatika. Nje ya gari la wapambaji, shakwe wa ufukwe wa Travemünde walikuwa wakigombania mkate wa mtu. Wiebke akamtazama Joost kwenye kioo. Hasira ilikuwa bado njiani. Kilichotangulia kilikuwa udadisi, kama wa mtu aliyegundua chumba asichokijua ndani ya nyumba yake.

"Joost."

"Naam."

"Kwa nini mimi ni bubu miaka minane?"

Brashi ikaanguka.

"Filamu yako ya kwanza," akasema taratibu, "ulikuwa na sentensi moja. Uliisahau mara nne. Ukaja humu unalia, ukaapa hutarudi. Nikamwomba Bi Ahlers akupe sehemu isiyo na maneno, usije ukaacha kazi."

"Nilikuwa nimetolewa kwenye maji ya baridi ya Februari! Midomo ilikuwa imeganda!"

"Najua."

"Basi hiyo ni moja. Na hizo kumi na nane?"

Joost akawa mwekundu mpaka masikioni.

"Mwenye maneno hukaa kwenye kiti changu dakika ishirini. Maiti hukaa saa moja na nusu."



"Mwanamume wewe! Si ungeniita tukanywe kahawa?"

"Niliogopa utakataa."

"Ukaona afadhali nife?"

Moyo wa Wiebke ulitaka kumhurumia, maana hata yeye siku za kazi alifika mapema bila sababu. Akaukanya.

"Piga simu. Mwambie ulivyoniambia mimi. Nisikie."

Joost akapiga, sauti ya simu akaiweka wazi.

"Bi Ahlers, nilikudanganya. Wiebke hajawahi kukataa maneno. Mimi ndiye niliyetaka akae kwenye kiti changu."

Bi Ahlers akajibu:

"Joost, wewe ni mpumbavu wa kiwango cha juu. Wanasoma mpaka saa nane mchana. Na aje."

Wiebke alishaanza kujifuta shingo kwa taulo. Mlangoni akagongana na Detlev, mwongozaji wa filamu.

"We, maiti wangu! Unakwenda wapi?"

"Kusema, Detlev."

"Na mchangani atalala nani?"

Wiebke akamnyooshea Joost kidole. "Huyo hapo. Hata rangi hahitaji, angalia alivyopauka!"

Saa kumi kasoro robo Joost alikuwa chali ufukweni, mchanga wa baridi ukimwingia kwenye kola, na wapiga picha wakibadilisha taa. Simu ikalia mfukoni. Akaisoma akiwa vilevile amelala:

"NIMEIPATA. Kurasa sita za maneno, zote nimesimama. Hasira bado ninayo. Jumapili saa tisa, kahawa, kwa mama yangu Husum. Njoo bila brashi, na maelezo utampa yeye."

"Kimya! Kamera!" Detlev akaamuru.

Joost akafumba macho. Ufukwe mzima ukatulia.

"Kata! Kata!" Detlev akatupa kofia chini. "Jamani, nani amewahi kuona mtu aliyenyongwa anatabasamu?"

Walirudia mara tisa.