Namba Iliyoshonwa Ndani

Asubuhi ile Rahila alikuwa barazani kwa bibi yake, Makangale, akipembua mchele na kubishana na redio. Alikuwa likizo; kule chuoni, kwenye midahalo, hakuna aliyetaka kupangwa kushindana naye. Simu ikalia. Kaka yake Himid, dereva wa gari ya abiria.

"Trafiki wamenizuia hapa Konde. Leseni imepotea. Wanataka namba tu. Nisipoipata kabla ya adhuhuri, tajiri anampa mwengine gari."

"Kopi huna? Hata picha?"

"Sina." Sauti ikashuka. "Ifungue hirizi yangu, kwenye kikasha cha bibi. Namba imo."

Rahila akacheka. "Hirizi uliyovishwa ukiwa mchanga? Leseni umeipata mwaka juzi!"

"Niliiona uzi ulipolegea, ndo hiyo hiyo ya leseni. Nikashona, nikanyamaza. Nitumie kwa maandishi. Usiitamke, Rahila. Hata kwa kunong'ona."

Kikashani mlikuwa na hirizi mbili, yake na ya Himid. Akaikata ya Himid kwa wembe. Karatasi kuukuu, wino wa zafarani. Si aya wala jina. Tarakimu kumi.

Hasira zikampanda. Mtu mzima anasumbuliwa kwa kipande cha leseni, na bado aogope karatasi nyengine! Angeweza kuituma. Lakini Rahila hajawahi kukatazwa neno akanyamaza. Akasimama dirishani, penye kuelekea msitu wa Ngezi, akaisoma yote kwa sauti ya jukwaani.

Himid alikuwa bado kwenye simu.

"Umeitamka," Himid akasema. Akakata.

Bibi yake, Bi Mize, akatoka jikoni, mikono imejaa unga. "Nani kasoma?" Akaiona karatasi. Akakaa chini pale pale.

"Shehe alituambia, huyu mtoto anatafutwa tangu yumo tumboni. Jina lake si kitu. Hiyo namba ndo atakayoitiwa. Tukaishona isisikike."

"Sasa tufanyeje, bibi?"

"Hatuna la kufanya, mjukuu wangu."

Himid akawapa trafiki namba aliyoisikia, ikawa sahihi. Akaachiwa yeye na gari yake, na njia ya kurudi Makangale inapita msituni. Rahila akampigia. Akampigia tena. Mara kumi na saba.

Saa tisa mchana gari ilikutwa katikati ya Ngezi, injini inanguruma. Abiria wamekaa.

Rahila alipofika, Bi Time, muuza samaki aliyekuwemo garini, ndiye aliyesimulia.

"Kuna mtu kaita mitini. Hakuita jina. Kataja namba tu, moja moja. Himid kaitika labeka. Kashuka."

"Sauti ya mwanamme?" Rahila akauliza.

Bi Time akatikisa kichwa.

"Yako, mwanangu."

Siku tatu watu walipekua msitu. Hata kiatu hawakuona.

Siku ya nne Rahila alikifungua kikasha, airudishe ile karatasi, aishone.

Hirizi yake mwenyewe ilikuwa pale pale alipoiacha.

Uzi umekatwa kwa wembe.

Ndani karatasi haimo.