Kiti cha Ubavuni

Aliyepatwa na haya ni rafiki yangu, fundi cherehani, na si mtu wa kutia chumvi. Mama yake alipenda filamu za majonzi za kigeni, ila macho yalikuwa yamefifia, ikabidi binti yake huyu amsomee tafsiri iliyoandikwa chini ya picha kwa kunong'ona. Binti akachoka. Akawa anamwambia, “Wiki ijayo, mama,” kisha anakwenda sinema peke yake. Mama akafariki akiingoja wiki hiyo.

Juzi akaenda kutazama filamu mpya inayosifiwa kila mahali. Ukumbi ulikuwa karibu mtupu. Gizani akasikia sikioni: “Kasema nini huyo?”

Akanong'ona mstari mmoja, kisha mwingine, mpaka mwisho.

Taa zikawaka. Viti vitupu vyote vilikuwa vimejikunja kwa springi zake, isipokuwa cha ubavuni pake. Kisha nacho kikalia kwiii, kikajikunja taratibu.