Bakuli Moja la Chai Nzito

"Korongo, maji yamechemka."

Sauti ilimfikia Nagisa Tokuoka katika sikio la kulia, ikitoka kwenye kidude kidogo kama punje ya mchele. Hakugeuka. Aliendelea kutembea kando ya mfereji wa ngome, mwavuli begani, mwendo wa mtalii asiye na haraka. Mvua ya Matsue ilikuwa nyembamba, ya kulowesha polepole.

Maji yamechemka. Maana yake muuaji ameshafika.

"Ni nani?" aliuliza, midomo ikisogea kidogo tu.

"Hatumjui. Ni mmoja wa wageni wenzako."

Aliyesema ni Hatakeyama, mkuu wake wa kazi, ambaye alikuwa ndani ya Toyota HiAce nyeupe iliyoegeshwa nyuma ya duka la samaki.

"Bunduki?"

"Hapana. Mwezi uliopita, huko Nagoya, genge lake lilimmaliza mwenzao kwa sumu ya kupaka. Haina rangi wala harufu. Ikigusa midomo, umekwisha. Hata ngozi ya vidole inapenya. Kwa hiyo angalia unachoshika."

"Na mzee?"

"Yupo. Sikiliza, Korongo. Jina la meli kwanza. Mtu baadaye."

Nagisa alihamishia mwavuli bega la pili. Amri aliielewa. Hakuipenda.

Mzee mwenyewe aliitwa Yosuke Iwakiri, mhandisi mstaafu. Maisha yake yote alikuwa akitengeneza masikio ya nyambizi, mitambo inayosikia chombo cha adui kikiwa mbali chini ya bahari. Mitambo kadhaa ya namna hiyo ilikuwa imeibwa, na sasa ilikuwa imefichwa ndani ya meli moja katika bandari ya Sakaiminato, jirani tu na hapo. Meli ingeng'oa nanga alasiri ile kuelekea kwa wanunuzi wa ng'ambo. Bandari ilijaa meli. Iwakiri peke yake ndiye aliyekuwa tayari kusema ni ipi.

Alipiga simu mara moja tu. Angesema kwa mtu mmoja, mahali pamoja: chumba cha chai cha Mwalimu Yumoto, alikojifunza desturi za chai tangu ujanani. Mtu huyo aje kama msafiri, akae wa kufuata baada yake. Akiona askari, atafunga mdomo.

Walimuuliza kwa nini huko.

"Kwa sababu ndiyo nyumba pekee mjini," alijibu, "ambayo mtu haingii na silaha."

*

Ilikuwa kweli.

Kwenye kibanda cha kungojea bustanini, Nagisa alivua kila kitu. Saa yake ya Seiko yenye kamera, kwa sababu chuma hukwaruza bakuli. Pete yenye sindano ya usingizi, kwa sababu hiyo hiyo. Simu. Bastola ya SIG aliisukuma chini kabisa ya begi lake la safari, akalikabidhi begi kwa mtumishi, ambaye alilipokea kwa mikono miwili na kuondoka nalo.

Alibaki na upepeo wa kukunja, karatasi laini za kufutia mikono, na ile punje ya mchele sikioni. Kipaza sauti kilikuwa kimeshonewa kwenye ukosi wa kimono ya kukodi.

"Unatoka wapi, dada?"

Aliyeuliza alikuwa mwanamume mnene mwenye mashavu mekundu. Chikafusa Monden, mwenye kiwanda cha sake, pombe ya mchele. Yeye ndiye mgeni wa kwanza, wa kuongoza wengine.

"Sapporo. Niko likizo."

"Sapporo! Huko chai si mnatia maziwa?"

"Na siagi, kukiwa na baridi sana."

Monden alicheka mpaka tumbo likacheza. "Leo utakoma. Chai ya Mwalimu ni nzito kama rangi ya ukuta. Mke wangu alionja mara moja tu, mpaka leo akisikia jina la Yumoto anatafuta maji."

"Usimtishe mtoto wa watu," alisema mama mmoja kwa upole. Alikuwa na miaka sabini hivi, kimono ya kijivu, nywele zimebanwa vizuri. Reiko Aizono, muuzaji wa vitu vya kale. "Binti, mimi nitakuwa mgeni wa pili. Ukisahau la kufanya, tazama mikono yangu."

Mgeni wa tatu alikuwa Iwakiri. Mwembamba, soksi nyeupe mpya, nywele amekata asubuhi ile. Alimwinamia Nagisa.

Nyuma ya ua wa mianzi alisimama dereva wa Mama Aizono, kijana mpana wa mabega. Simu mkononi. Hakuwa akiitazama. Alikuwa akitazama kilango cha chumba cha chai.

"Mnara," Nagisa alimwita Hatakeyama kwa mnong'ono, akijifanya anakohoa. "Dereva wa mama. Mchunguzeni."

*

Kilango kile kilikuwa kidogo kama cha banda la kuku. Mtu huingia kwa magoti, kichwa mbele, shingo imeinama. Samurai wa zamani walilazimika kuacha panga nje.

Wanne waliingia. Kilango kikafungwa.

Ndani kulikuwa na nusu giza na harufu ya majamvi mapya. Birika la chuma lilichemka juu ya makaa, likivuma kama upepo wa mbali. Walikaa kwa mstari, magoti yamekunjwa: Monden, Aizono, Iwakiri, Nagisa.

Mwalimu Yumoto aliingia. Mzee wa miaka themanini na kitu, mgongo umenyooka. Alisafisha vyombo ambavyo tayari vilikuwa safi. Alichota maji kwa kata ya mwanzi.

Nagisa alitazama mikono.

Sumu ingeingilia wapi? Kopo la chai lilikuwa la Mwalimu. Maji ya Mwalimu. Na chai nzito hunywewa bakuli moja, watu wote. Ukilitia sumu bakuli, unamuua mgeni wa kwanza.

Nyumba nyingi, tangu ule mwaka wa korona, humpa kila mtu bakuli lake.

"Mwalimu," alisema Monden, "ni muda mrefu hatujanywa pamoja bakuli moja."

"Mama Aizono aliniomba," alijibu Mwalimu. "Alisema anakumbuka zamani."

Mama Aizono aliinamisha kichwa, akatabasamu.

Nagisa alisogeza goti karibu na la Iwakiri.

Mwalimu alikoroga polepole mpaka chai ikawa nzito, ya kijani, ikameta. Bakuli lilikuwa jeusi, la kale. Monden alilipokea, akanywa, akakunja uso kwa raha. Akatoa kitambaa chake chenye unyevu, akafuta pale midomo ilipogusa. Akapitisha.

Mama Aizono alikunywa. Mafunda matatu madogo. Naye akatoa kitambaa chake cha unyevu.

Ndipo Nagisa alipoviona vidole vyake. Viling'aa. Kitu chembamba kama gundi iliyokauka kilikuwa kimefunika ncha zote, ngozi juu ya ngozi.

Mama Aizono alifuta ukingo wa bakuli. Alifuta taratibu, sana, kama mtu anayepaka mafuta. Kitambaa hakukirudisha kwenye mkono wa kimono alikokitoa. Alikitia ndani ya kijikasha, akabana kifuniko.

Kisha akampitishia Iwakiri.

Pale alipofuta ndipo mgeni anayefuata huweka midomo.

Iwakiri alishika bakuli kwa chini, kiganjani. Alivitazama vile vidole vinavyong'aa. Alivitazama muda wa kutosha. Halafu akamgeukia Nagisa, kwa sababu desturi humtaka mtu amwinamie anayemfuata na kumwomba radhi kwa kutangulia.

"Naomba radhi, natangulia," alisema. Akainama zaidi, sauti ikawa pumzi tu. "Hoshikage. Chumba cha nyuma cha shehena, chini ya mbao."

Sikioni mwa Nagisa, Hatakeyama alipumua kwa nguvu. "Tumepata. Hoshikage. Askari wa pwani wanaondoka sasa hivi."

Iwakiri alinyanyuka kutoka kwenye kuinama kwake. Uso ulikuwa umetulia mno. Nagisa aliwahi kuona uso wa namna ile mara moja, juu ya paa la jengo refu, kabla mtu hajaruka.

Anajua, alifikiri. Anajua, na atakunywa.

"Korongo, tulia," alisema Hatakeyama. "Dereva ni mtu wao, anaweza kuipigia meli simu wakati wowote. Akishtuka, watamwaga mzigo baharini. Boti bado ziko njiani. Usifanye lolote."

Bakuli lilipanda.

"Mzee anakunywa sumu," Nagisa alinong'ona.

"Nimesema tulia. Hiyo ni amri."

Nagisa aliinua mkono kana kwamba anarudisha unywele, akaichomoa ile punje ya mchele sikioni na kuiacha idondoke juu ya jamvi.

Kisha akaweka kiganja juu ya mkono wa Iwakiri.

*

"Mwalimu, nisamehe," alisema kwa sauti ya mtalii mjinga. "Nimeona Mama amekunywa kidogo sana. Nisingependa nimalizie sehemu yake. Aongeze kwanza."

Monden alicheka kidogo. "Mvumilieni, wa siagi huyu."

"Bakuli halirudi nyuma, binti," alisema Mama Aizono. Upole ulikuwa palepale. "Kwenu hamfundishwi?"

"Hatufundishwi. Kunywa, Mama. Pale pale ulipofuta."

Kicheko cha Monden kilikatika.

Birika lilivuma. Mwalimu Yumoto alimtazama Mama Aizono, akatazama kijikasha, akatazama vidole. Hakuwa mtu wa kuharakisha kuelewa, lakini alipoelewa, kitu kilizimika usoni mwake.

"Kunywa, Reiko," alisema.

Mama Aizono alikohoa mara mbili. Kikohozi kikavu, kama ishara.

Nje, changarawe zililia chini ya viatu.

Nagisa alichota maji kwa kata iliyokuwa mdomoni mwa birika, akatambaa hadi kando ya kilango. Kilifunguliwa kwa kishindo. Ulitangulia mkono wa kulia na bastola ya Makarov yenye kizuia sauti. Kisha kichwa. Kisha mabega, ambayo yalikwama.

Mlango ule haujali wewe ni nani.

Maji ya moto yalimpata dereva kwenye kifundo cha mkono. Risasi ilitoka, *puf*, ikazama kwenye jamvi karibu na goti la Monden. Nagisa aliusukuma mlango kwa mguu, ukambana shingo. Bastola ilianguka. Mkono wa kushoto, wenye simu, ulikuwa bado nje, kidole gumba kikitafuta kitufe.

Nagisa alipitisha mkono kwenye upenyo, akakishika kidole kile, akakivunja.

Simu ikaanguka kwenye changarawe.

"Ukipiga kelele," alimwambia taratibu, "nitafunga mlango mpaka mwisho."

Hakupiga kelele.

Nyuma yake Mama Aizono alikuwa ameruka kulinyakua bakuli, kulipasua na kuumaliza ushahidi. Mkono mwingine ulikuwa umeshafika. Mwalimu Yumoto alikuwa amelifunika kwa kitambaa chake cha hariri, ameushika mkono wa yule mama, na wala hakuonekana kutumia nguvu.

"Bakuli hili limekuwepo kabla yetu sote," alisema. "Usiliguse."

Mama Aizono aliachia. Alikaa vizuri, akanyoosha kimono, akatazama ukuta.

"Nimekunywa chai kwako miaka mingi, Mwalimu," alisema. "Haijawahi kuwa tamu."

Monden alikuwa bado analitazama tundu la risasi kando ya goti lake. "Mimi," alisema polepole, "nilikuja kupumzisha akili."

*

Boti za askari wa pwani ziliifikia Hoshikage kamba zikiwa bado zimefungwa gatini. Chini ya mbao, katika chumba cha nyuma cha shehena, mitambo yote ilikuwepo. Nahodha alikuwa anasubiri simu ambayo haikuja.

Hatakeyama aliingia bustanini mwenyewe, viatu vimelowa, hasira imemjaa shingoni.

"Ulikaidi amri."

"Ndiyo."

"Ungeweza kuharibu kila kitu."

"Ndiyo, mkuu."

Alimtazama kidogo, akaona hakuna kingine kitakachotoka, akaenda kusimamia watu wake.

Iwakiri alikuwa amekaa kwenye kiti cha nyuma cha Crown nyeusi, pingu mikononi. Alikuwa ameshakiri. Michoro ya mitambo ile aliwauzia wezi yeye mwenyewe, kwa hiari yake, kabla ya kujuta. Nagisa alisimama dirishani na begi lake la safari begani, saa ya Seiko imesharudi mkononi.

"Ungeniacha," alisema mzee. Sauti ilikuwa ya mtu aliyedhulumiwa. "Jina nilikupa. Kazi yako ilikuwa imekwisha. Ungeniacha ninywe, aibu yote ingeishia pale. Ilikuhusu nini?"

Nagisa alifungua mwavuli.

"Mzee, uliinama ukaniomba radhi kwa kutangulia," alisema. "Ni nani aliyekuwa anafuata kunywa?"

Iwakiri aliinua uso.

Alimtazama. Akaitazama mikono yake mwenyewe. Rangi ilimtoka usoni taratibu, ikaanzia kwenye midomo.

Nagisa aligeuka. Alifuata ukingo wa mfereji kuelekea stesheni, akatoa kopo la kahawa ya baridi kwenye mashine ya barabarani, akalifungua kwa kidole kimoja, akanywa huku akitembea.