Jivu la Jikoni kwa Zita

Haya yalimpata Oliva, rafiki yangu wa kule kijijini Daudi, na yeye si mtu wa kuzusha mambo. Wivu ulikuwa umemjaa. Maharage ya jirani yake Zita hayakutobolewa na wadudu hata siku moja, wakati ya kwake yaliishia kuwa unga, na wote wawili waliyahifadhi kwa jivu la mafiga.

"Jivu lake lina kitu," akajisemea.

Jumatano ya Majivu, Zita alipokwenda kanisani, Oliva akaingia jikoni kwake na kopo. Mchana kweupe, lakini mle ndani giza totoro. Mafiga yalikuwa baridi kabisa. Alipoanza kuchota, akasikia nyuma yake chekeche likichekecha taratibu: shwaa, shwaa. Alipoacha, nalo likaacha. Kitu chepesi kikampitia usoni.

Akatoka mbio, kopo chini ya kanga, akakutana na Zita njiani.

"Jirani, mbona kanisani sikukuona?"

"Kichwa kiliniuma, sikutoka nyumbani."

Zita akamkazia macho. "Sasa huo msalaba wa majivu nani amekupaka?"

Oliva akajigusa kwenye paji la uso. Majivu yalikuwa bado ya moto.