Jina Msalabani

Majembe yote mawili yalikuwa chini, lakini sauti ya jembe ilikuwa inaendelea.

Flora aliirudisha picha nyuma, akasogeza hedifoni masikioni. Kwenye kioo cha kompyuta waombolezaji walikuwa wakiimba, wachimbaji wamesimama wakijifuta jasho, na chini ya wimbo huo: kwe. Kwe. Kwe.

"Ni treni," alisema.

"Treni ya Itigi inalima siku hizi?" Obadia, mwongozaji wa filamu, alijaribu kucheka.

Tukio hilo walilipiga Jumatatu, ng'ambo ya reli, pale vichaka vinapoanza. Katika filamu nyingi za hapa mwigizaji mkuu hutumia jina lake mwenyewe, na mkuu alikuwa Flora, kwa hiyo msalaba uliandikwa FLORA MAZENGO kwa rangi nyeupe. Jeneza lilikuwa la kuazima. Walipomaliza walilitoa, wakamrudishia fundi, kisha wakalifukia shimo likiwa tupu ili mbuzi wa watu wasije wakatumbukia. Obadia hakuwa mzembe. Jua lilikuwa linawaishia, na kila mtu alikuwa na njaa.

Jumanne Flora alihisi mchanga kwenye meno. Jumatano Pendo, mpambaji wake, alimtoa udongo sikioni kwa pamba, akanong'ona, "Dada, unalala wapi wewe?" Alhamisi, mchana kweupe, katikati ya soko lililojaa watu, Flora alifungua kinywa mbele ya kamera aseme maneno yake, na harufu ya udongo mbichi ikampanda kooni, udongo uliolowa ingawa mvua ilikuwa haijaonekana tangu Aprili, na sauti iliyotoka ilikuwa yake lakini ya mbali, kama ya mtu anayeita akiwa chini ya kitu kizito, na kila alipovuta pumzi jembe lilisikika karibu zaidi, si kwenye hedifoni tena bali chini ya nyayo zake.

Walikwenda kwa mzee Mughwai. Alikuwa mganga kweli, na ndani ya filamu aliigiza mganga.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba. Mmekuja kunirudishia mistari yangu minne mliyoikata?"

Walipomweleza, akasahau mistari.

"Mmechimba, mmelia, mmetaja jina, mmefukia. Na ndani hamkuweka kitu? Hata gogo?" Alishusha sauti. "Vile vichaka vina mwenyewe. Jini huyo ameambiwa Flora anakuja. Amemtandikia. Sasa anachimba kumfuata."

"Tufanye nini?" Obadia aliuliza.

"Zikeni hiyo filamu. Yote. Na huyu binti asisimame tena mbele ya kamera maisha yake yote."

Flora alitazama mikono yake. Miaka tisa alikuwa ameigiza jirani anayelia na dada wa kazi anayefungua geti. Hii ilikuwa filamu ya kwanza kubeba sura yake kwenye bango.

"Hapana, babu."

"Hapana nini? Utakufa, mjukuu wangu."

"Aliona nazikwa, akaamini. Basi hajui kwamba filamu haijaisha: sasa aone nikifufuka. Obadia, chaji betri."

Kesho yake saa nne asubuhi walilifukua kaburi. Flora alivaa sanda ileile, akashuka, akalala. Walimmwagia udongo mpaka kifuani. Kamera ilipowaka, alinyanyuka.

Goti la kwanza lilitoka. Mguu wa pili haukutoka. Kitu kilikuwa kimemshika kifundo, baridi kama jiwe la mtungini, nacho kilivuta taratibu, bila haraka, kama mtu anayevuta ndoo ambayo ana hakika ni yake, na juu Pendo alipiga kelele na mzee Mughwai akaanza kuomba kwa Kinyaturu maneno ambayo hakuna aliyemwandikia, na udongo wa pembeni ukaanza kuporomoka wenyewe.

"Usizime!" Flora alimpigia Obadia kelele. Kisha akainama kule chini. "Wewe! Nani alikwambia nimekuja kukaa? Mimi nilikuja kazini, na kazi nimemaliza!"

Aling'oa msalaba uliokuwa bado umesimama ukingoni, akaukita shimoni mara tatu kwa nguvu zake zote. Mguu ukaachiliwa. Akapanda juu, akavua sanda mbele yao, akabaki na gauni lake la shughuli, akaitupa juu ya msalaba.

"Jina lako hilo. La mbao. Lala nalo."

Wakafukia.

Desemba filamu ilionyeshwa ukumbini Itigi. Flora alipotoka kaburini watu walisimama wakapiga vigelegele. Wote waliuona mkono, mrefu, mkavu, umemshika kifundo.

"Ule mkono mliutengenezaje?" mtu wa nyuma aliuliza.

Obadia aligeuka kumtazama Flora.

Kiti cha kushoto kwa Flora kilikuwa kitupu. Harufu ya udongo mbichi ilimjia kutoka hapo, na mbao za kiti zikalia kama zinazopokea uzito. Hakuhama. Hakugeuza hata shingo.

"Kaa," alisema polepole. "Tazama mpaka mwisho. Leo wewe ni mtazamaji tu."

Chini ya sakafu jembe liligonga mara moja. Flora akagonga kisigino chake kwa nguvu, palepale.

Halikugonga tena.