Vidole vya Mama Dobi

Kila asubuhi, kabla jua halijapanda juu ya mabati ya jirani, mama yake Chiriku alikuwa ameshainama. Mabeseni yalipangwa kando ya ukuta: la kuloweka, la kufikicha na la kusuuza. Mama alifua nguo za watu, na mtaa mzima ulimwita Mama Dobi. Binti yake aliitwa Chiriku kwa sababu mdomo wake haukujua kupumzika. Hata akipiga mswaki alikuwa anasimulia.

Baba alikuwa mlinzi wa usiku. Alirudi nyumbani wakati wenzake wanaamka, akachota maji ya kujaza pipa, kisha akalala. Mchana aliamka kunyoosha nguo zilizokauka. Katika nyumba ile uchovu ulikuwa wa zamu. Mmoja akipumzika, mwingine anachoka.

Likizo ilikuwa ndiyo kwanza imeanza simu ilipoita. Mama alikausha mkono mmoja kwenye nguo aliyojifunga kiunoni, akapokea. Alikuwa mama mkubwa, dada yake wa pekee, mjane aliyeishi nchi jirani. Alikuwa na uvimbe tumboni. Madaktari walikuwa wamepanga kumpasua mwishoni mwa mwezi uliofuata.

"Wameniuliza ni nani atakayekaa nami hospitalini," alisema mama mkubwa. "Nimewatajia jina lako. Sikuwa na jingine la kutaja."

"Umefanya vizuri, dada. Nitakuja."

Mama alipokata simu alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, akatazama povu likipasuka taratibu. Kisha akaingia ndani, akafungua sanduku, akatoa pasipoti yake kutoka chini kabisa. Katika picha ya ndani Mama alikuwa bado msichana mwenye mashavu yaliyojaa. Baba aliichukua, akaisogeza kwenye mwanga wa dirisha.

"Hii imelala kuliko mimi," alisema. "Muda wake umekwisha zamani, mke wangu. Huwezi kuvuka nayo mpaka."

Kesho yake walikwenda kwa kijana mwenye duka la kompyuta, akawasaidia kujaza maombi ya pasipoti mpya. Alimpiga Mama picha, akaitazama, akaifuta.

"Usicheke, mama."

"Sicheki. Ndivyo uso wangu ulivyo."

"Basi nunanuna kidogo."

"Subiri nimfikirie mwenye nyumba," alisema Mama, na picha ikatoka vizuri. Walilipia, wakapewa siku ya kufika ofisi ya Uhamiaji. Mama alitakiwa kwenda na kitambulisho, nakala yake, na pasipoti ya zamani. Huko ndiko wangemchukua alama za vidole.

Siku hiyo Chiriku alimsindikiza. Foleni ilianzia nje ya geti na ikasogea kama inayovutwa na kobe mgonjwa. Zamu yao ilipofika walikuta meza, kamera, na mashine ndogo yenye kioo. Afisa alikuwa mama wa makamo aliyevaa miwani. Alikagua karatasi, akakuta hakuna kasoro, akamsikiliza Mama akieleza upasuaji wa dada yake na siku yake.

"Weka vidole hapa, mama. Bonyeza. Usiondoe."

Taa nyekundu ikawaka. Afisa alifuta kioo. Mama alifuta vidole. Taa nyekundu ikawaka tena. Walijaribu mkono wa kushoto, wakajaribu kidole kimoja kimoja. Nyekundu tu.

Afisa aliushika mkono wa Mama, akaugeuza kuelekea dirishani. Ncha za vidole zilikuwa laini na zinang'aa, kama kipande cha sabuni kilichotumika sana.

"Unafanya kazi gani, mama?"

"Nafua."

"Nilijua. Mnakuja wengi, ninyi na mafundi waashi. Sabuni na dawa ya madoa vimekula mistari yote. Lakini usiogope, ngozi huota. Usitie mikono kwenye sabuni kwa majuma mawili hivi. Paka mafuta kila siku, kisha urudi."

"Na isipoota?"

"Basi tutaandika barua makao makuu waturuhusu kuendelea bila alama. Hiyo ni safari ya miezi, mama. Sitaki kukudanganya."

Miezi. Mama alikusanya karatasi zake, akamshika Chiriku mkono wakatoka.

Baba aliposikia habari hiyo alicheka mpaka akakohoa. "Dunia nzima inatafuta mikono misafi, yako imesafishika mpaka mashine haiioni! Ukiiba benki, nani atakukamata?"

"Ukimaliza kucheka, uniambie nani atafua," alisema Mama.

"Mimi!" Chiriku aliruka. "Mimi nitafua zote, Mama. Wewe kaa."

Siku za mwanzo alifua akiimba. Mama alikaa kwenye kiti chini ya dirisha, mikono imepakwa mafuta, akimwelekeza. "Kola kwanza. Geuza mfuko wa suruali. Hapo bado kuna povu." Lakini nguo za watu haziishi. Ukimaliza furushi la mwalimu, la kinyozi linaingia mlangoni. Kubwa kuliko yote lilikuwa la gesti iliyokuwa mwisho wa barabara: mashuka mazito ambayo yakilowa maji humvuta mtoto chini kama yanataka kumtia kisimani. Mgongo wa Chiriku uliuma. Ngozi ya vidole vyake ilikunjamana, kisha ikaanza kuchubuka. Usiku aliota anakamua shuka lisilo na mwisho.

Jumatatu moja jioni, mashuka ya gesti yalikuwa bado kwenye beseni. Alikuwa ameyaloweka asubuhi, akapitiwa na nguo nyingine. Alisimama akayatazama, akataka kulia. Mama alimwita kutoka ndani.

"Chiriku, ya gesti umemaliza?"

Angeweza kusema bado. Lakini alikumbuka jinsi alivyoruka na kusema "zote". Aliona aibu.

"Nimemaliza, Mama!"

Akayakamua haraka, akayafunga kwenye mfuko wa plastiki, akausukuma nyuma ya pipa la maji. Alijiambia kwamba kesho atayafua kabla mtu hajajua. Kesho likaja furushi jingine, na keshokutwa jingine. Alipolikaribia pipa alitazama pembeni. Ulimi wake, ambao haukuwahi kukosa hadithi, ulianza kukosa.

Siku moja kabla ya kurudi Uhamiaji, Chiriku alitumwa sokoni. Aliporudi alisikia maji yakichezacheza uani. Mama alikuwa ameinama juu ya beseni, mikono imezama mpaka kwenye viwiko. Mfuko wa plastiki ulikuwa umevutwa kutoka nyuma ya pipa, mashuka ya gesti yalikuwa na madoa meusi ya ukungu, na harufu kali ya dawa ya madoa ilijaa uwanja mzima. Mlangoni alisimama msimamizi wa gesti, mikono kiunoni.

"Wageni wangu wanaingia leo jioni," alisema. "Wanalala juu ya nini, magazeti?"

"Utayapata, mwanangu. Jua bado lipo," Mama alimjibu bila kuinua kichwa.

"Mama, mikono yako!" Chiriku aliita.

"Shika upande huo tukamue," alisema Mama. Walikamua pamoja, wakaanika pamoja. Chiriku alisubiri kugombezwa, lakini Mama alikuwa amechoka mno kugombeza.

Kesho yake taa nyekundu iliwaka kwa kila kidole. Afisa alivua miwani.

"Mama, umefua."

"Nimefua."

"Si tulikubaliana?"

"Tulikubaliana. Kazi ilinizidi."

Mama hakugeuka kumtazama binti yake. Hilo ndilo lililomchoma Chiriku. Kama angemnyooshea kidole, labda angejitetea.

"Ni mimi," alisema, na sauti ikamtoka nyembamba. "Nilisema nimefua mashuka, nami sikufua. Niliyaficha yakaota ukungu. Mama amefua kwa sababu yangu."

Watu waliokaa kwenye benchi waligeuka. Afisa alimtazama Chiriku, kisha akaitazama mikono ya Chiriku yenyewe, iliyochubuka.

"Umesema mwenyewe. Hilo ni jambo," alisema polepole. "Sasa nisikilizeni. Nitawapa nafasi nyingine moja, majuma mawili kutoka leo. Pasipoti huchukua siku chache kutoka. Mkikosa hapo, hamtawahi upasuaji."

Walirudi nyumbani kwa miguu. Barabara ilikuwa na vumbi na ndefu kuliko ilivyokuwa asubuhi. Chiriku alitembea nyuma ya Mama, akitazama visigino vyake vilivyopasuka.

Jioni, kabla Baba hajaenda kazini, Chiriku alimweleza yote. Baba hakufanya mzaha. Alikuwa anafunga kamba za viatu, akaziacha.

"Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua," alisema. "Kwa nini hukuniambia?"

"Niliahidi zote, Baba. Nikaona aibu." Machozi yalimtoka. "Siwezi. Nguo za mtu mmoja mmoja naweza. Mashuka ya gesti siwezi, ni mazito. Nimechoka."

Alidhani mbingu zingeanguka. Hazikuanguka. Baba alimtazama Mama, na Mama akamtazama Baba.

"Naye alikuwa anaruka kama ndama," alisema Baba, "na sisi watu wazima tukaamini kuwa ndama anaweza kuvuta mkokoteni."

"Kosa ni letu pia," alisema Mama. "Tulimwachia mzigo bila kuuliza kama mabega yake yanauweza."

Asubuhi iliyofuata Mama alifunga kilemba, akapita kwa wateja wake mmoja mmoja, Chiriku akiwa pamoja naye. Hakuwaficha kitu. Aliwaeleza kuhusu dada yake, pasipoti na vidole. Wengine walisema watasubiri. Kinyozi alisema yeye atajifulia mwenyewe, ingawa mke wake aliposikia alicheka sana. Chiriku alimwomba radhi msimamizi wa gesti, uso umeinama. Msimamizi alimwinua kidevu.

"Ningekuwa na hasira kama usingekuja," alisema. "Nitayapeleka mashuka kwa dobi mwingine mpaka mama yako arudi. Akirudi, tutazungumza."

Kwa hiyo kazi ikapungua, ingawa haikwisha. Baba aliporudi alfajiri alikunja suruali, akaingia kwenye beseni kubwa, akakanyaga blanketi na suruali nzito kwa miguu huku akipiga miayo. Chiriku alifua nyepesi. Kila jioni Mama aliuliza, "Zimebaki ngapi?" na Chiriku alitaja kilichobaki kama kilivyo. Siku nyingine zilibaki nyingi. Mama aliitikia tu, "Haya, kesho," kisha akaendelea kupaka vidole mafuta. Alichoka kwa kukaa kuliko alivyowahi kuchoka kwa kufua. Mkono ukimtoka kuelekea beseni, Chiriku alipiga kelele, "Mama! Kiti!" naye akarudi kitini kama mwanafunzi aliyekamatwa.

Siku ya mwisho ilipofika, foleni ilikuwa ileile na afisa alikuwa yuleyule. Hakusalimia sana. Alifuta kioo mara mbili.

"Weka, mama. Bonyeza."

Kioo kilitulia. Chiriku alisogea karibu na meza. Kisha taa ya kijani ikawaka.

"Kingine," alisema afisa.

Kijani. Kingine. Kijani. Kidole gumba cha kushoto kilikataa, kikafutwa, kikakataa tena. Afisa alimwambia Mama akipake mafuta kidogo na ashushe pumzi. Mama alishusha pumzi kama anayetua ndoo kichwani. Kijani.

"Tayari," alisema afisa, akapiga muhuri. "Ya zamani tunaikata kona na kukurudishia. Mpya utaijia wiki ijayo. Mpe pole mgonjwa."

Mama hakushangilia. Alikaa kwenye benchi, akafumba macho kidogo, na Chiriku akakaa karibu naye mpaka alipokuwa tayari kusimama.

Pasipoti ilitoka kwa wakati. Siku ya safari walimsindikiza Mama hadi kituo cha mabasi ya mbali. Baba alikwenda kuweka mzigo kwenye buti. Chiriku alikuwa amebeba swali kwa siku nyingi, akaona hapana muda mwingine wa kuliuliza.

"Mama, siku ile ya mashuka, mbona hukunigombeza?"

Mama alimwekea mkono begani.

"Nilikuwa bado natafuta kosa la kukugombeza. Uchovu si kosa, mwanangu. Mimi mwenyewe nimechoka tangu hujazaliwa, na baba yako hulala akiwa amesimama. Mtu akichoka, aseme amechoka. Wenzake watamshika upande mmoja wa mzigo. Lakini ukisema umemaliza na hujamaliza, mzigo haujaondoka. Umeuhamishia tu mgongo wa mtu mwingine, tena bila yeye kujua. Hilo ndilo kosa. Umenielewa?"

"Nimeelewa, Mama."

"Haya. Msimsumbue baba yenu akilala."

"Niko peke yangu, Mama. Yenu na nani?"

"Na huo mdomo wako," alisema Mama, akapanda basi.

Jioni wakakuta uani kamba imejaa nguo kavu za kuanua, na mlangoni furushi la mwalimu likiwasubiri. Baba aliufungua mlango, akatazama furushi, akamtazama binti yake.

"Vipi, Chiriku? Tuanze?"

Chiriku alifungua mdomo aseme ndiyo. Akaufunga. Akafikiri.

"Baba, leo nimechoka."

"Afadhali umesema," alijibu Baba. "Mimi pia."

Wakakaa kizingitini, bega kwa bega, nguo zikipepea juu yao. Walipokuwa wamepumzika vya kutosha, waliinuka pamoja wakaenda kuzianua.